Familia ya askari inapoikataa taarifa ya jeshi

Taarifa za vifo vya wanajeshi hufanana karibu dunia nzima. Huwa na mistari michache: jina na cheo cha marehemu, neno "ajali" au "akitekeleza majukumu yake", ahadi kwamba uchunguzi unaendelea, na ombi la kuheshimu faragha ya wafiwa. Maofisa wawili waliovaa sare safi hufika nyumbani, husema walichotumwa kusema, huacha namba ya simu. Kwa familia nyingi mambo huishia hapo. Wanazika, matanga yanaisha, wanaanza kuzoea pengo. Lakini zipo familia ambazo wiki mbili tatu baadaye hugundua kwamba maelezo waliyopewa hayakai sawa. Saa hazioani. Simu ya marehemu haikurudi pamoja na vitu vyake. Rafiki wa kikosini aliyekuwa akiwapigia mara kwa mara amenyamaza ghafla. Na wanapouliza, wanaonwa kama watu waliochanganywa na msiba.

Nauweka msimamo wangu wazi mapema. Familia hizo zinastahili kusikilizwa kwa uzito hata kabla haijajulikana kama ziko sahihi. Huruma ninayo, lakini sababu yangu ni nyingine: ni namna majeshi yalivyoundwa. Askari akifa, mwili uko mikononi mwa jeshi. Eneo la tukio liko ndani ya uzio wa jeshi. Mashahidi wote wako chini ya amri ya jeshi, na mara nyingine chini ya amri ya mtu yuleyule ambaye huenda uzembe wake ndio ulioleta kifo. Anayepiga picha za eneo, anayehoji mashahidi, anayeandika ripoti na anayeipitia ripoti hiyo wote wanalipwa mshahara na taasisi moja, na wanatarajia kupandishwa vyeo na taasisi hiyohiyo. Hii ni kesi ya nyani kumpelekea ngedere. Raia akifa mtaani, majirani wameona, mwandishi wa habari amefika, polisi aliyeitwa hana undugu na mtuhumiwa. Askari akifa kambini, mtu pekee wa nje mwenye sababu ya kuuliza ni mzazi, mke, mume au ndugu. Akinyamaza huyo, hakuna mwingine.

Kisa cha Pat Tillman kinajulikana sana, lakini nadhani mara nyingi kinasimuliwa nusu. Alikuwa mchezaji wa mpira wa miguu wa Kimarekani aliyeacha mkataba wa dola milioni 3.6 mwaka 2002 akajiunga na Ranger, kikosi cha makomando wa jeshi la nchi kavu la Marekani, pamoja na mdogo wake, Kevin. Aliuawa Afghanistan tarehe 22 Aprili 2004. Taifa zima likaambiwa kwamba alipigwa risasi na adui huku akiongoza wenzake kupanda mlima kuokoa maisha ya wengine. Akatunukiwa nishani ya Silver Star. Ibada ya kumuaga, tarehe 3 Mei, ikarushwa na televisheni nchi nzima. Wakati huo wote, askari waliokuwa naye walijua kwamba risasi zilitoka kwa kikosi chake mwenyewe. Sare yake na fulana yake ya kujikinga vilikuwa vimeshachomwa moto. Askari aliyekuwa pembeni yake alipokufa aliiambia kamati ya Bunge la Marekani, miaka mitatu baadaye, kwamba mkuu wake alimwamuru asimwambie Kevin kilichotokea, na Kevin alikuwa katika kikosi hichohicho. Tarehe 29 Aprili 2004, yaani kabla ya ibada, Jenerali Stanley McChrystal alituma ujumbe kwa wakubwa wake kutahadharisha kwamba huenda aliuawa na wenzake, na kwamba viongozi wa nchi wangeaibika ikiwa wangemsifu hadharani halafu ukweli ukatoka. Ujumbe ulipanda juu haraka. Haukwenda kwa mama yake.

Familia ilielezwa mwishoni mwa Mei, zaidi ya mwezi mmoja baada ya kifo. Mama, Mary Tillman, akaanza kusoma. Alipewa maelfu ya kurasa ambazo majina yamefutwa kwa wino mweusi, na ukurasa baada ya ukurasa akawa anaunganisha nani alikuwa wapi, nani alimfyatulia nani, kwa umbali gani, kulikuwa na mwanga kiasi gani. Uchunguzi mmoja ulizaa mwingine. Mwaka 2007 mkaguzi mkuu wa Wizara ya Ulinzi ya Marekani aliwalaumu maofisa kadhaa, majenerali wakiwemo, na akabainisha kwamba maelezo ya mashahidi yaliyoambatanishwa na ombi la nishani yalikuwa yamebadilishwa. Luteni jenerali mmoja aliyestaafu alikaripiwa kwa maandishi. Hakuna aliyepelekwa mahakamani.

Kinachonisumbua katika kisa hiki ni jinsi uongo ulivyokua bila hata mmoja kuonekana kama mhalifu. Aprili 2004 ilikuwa mwezi mbaya kwa jeshi la Marekani. Huko Iraq mapigano ya Fallujah yalikuwa yakiendelea, na picha za wafungwa walioteswa na askari wa Marekani katika gereza la Abu Ghraib zilirushwa tarehe 28. Shujaa alihitajika, na shujaa akapatikana. Mmoja alinyamaza kwa kuwa aliamriwa, mwingine aliandika kilichotakiwa, wa tatu alitia saini bila kusoma vizuri. Mashine kama hiyo haizuiliwi na maadili ya mtu mmoja mmoja. Inazuiliwa na mtu wa nje mwenye haki ya kufungua faili.

Kuna jambo lingine ambalo wasiowahi kuligusa hawalioni: nguvu ya karatasi ya kwanza. Ripoti ya awali huandikwa usiku, kwa haraka, na mtu aliyetetemeka. Lakini ikishapanda ngazi mbili tatu inageuka ukweli wa taasisi. Kuibadilisha maana yake ni kukiri kwamba kanali aliyeipokea alidanganywa, au alidanganya. Kwa hiyo kila anayefuata anaongeza tofali badala ya kubomoa. Nchini Argentina, mwaka 1994, jeshi liliandika kwamba kijana Omar Carrasco, aliyekuwa amejiunga na utumishi wa lazima huko Zapala siku chache tu kabla, ametoroka. Mtoro. Neno moja, na msako ukawa ni wa kumtafuta mkosaji. Wazazi wake hawakulikubali, kwa sababu walimjua mtoto wao. Mwezi mmoja baada ya kutoweka, maiti yake ilipatikana ndani ya eneo la kambi ileile. Hasira iliyofuata ilikuwa kubwa kiasi kwamba kabla mwaka haujaisha Rais Carlos Menem alikuwa ameufuta utumishi wa lazima wa kijeshi.

Marehemu hawezi kujitetea, na hilo huwapa wakubwa kishawishi kikubwa. Tarehe 2 Juni 1994 helikopta ya Chinook ya jeshi la anga la Uingereza iligonga mlima kwenye rasi ya Mull of Kintyre, Scotland, ikitoka Ireland ya Kaskazini. Watu wote 29 walikufa, 25 kati yao wakiwa abiria, maofisa wa upelelezi na usalama. Haikuwa na kinasa sauti wala kinasa data. Bodi ya uchunguzi ilishindwa kuwatia hatiani marubani, Jonathan Tapper na Richard Cook. Lakini maofisa wawili wa ngazi ya juu walioipitia ripoti hiyo wakaigeuza, wakatamka kwamba marubani walifanya uzembe mkubwa kupindukia. Kanuni za jeshi hilohilo zilisema rubani aliyekufa asihukumiwe kwa uzembe isipokuwa pale pasipo na shaka yoyote kabisa. Na shaka zilikuwepo tele: wataalamu wa Boscombe Down, kituo cha kujaribia ndege za kijeshi, hawakuwa na imani na programu ya kompyuta iliyoendesha injini za toleo lile jipya la helikopta.

Familia za marubani hao wawili zilipigana kwa miaka 16. Uchunguzi wa mahakama ya Scotland mwaka 1996 haukuona ushahidi wa kutosha dhidi yao. Kamati ya Baraza la Malodi ilisema hivyohivyo mwaka 2002. Wizara ikasimama palepale, waziri mmoja baada ya mwingine, chama kimoja baada ya kingine. Julai 2011, baada ya mapitio huru yaliyoongozwa na Lord Philip, waziri wa ulinzi Liam Fox alisimama bungeni akaifuta hukumu ile na kuomba radhi. Sasa ni zamu ya familia za abiria, zinazodai uchunguzi wa wazi kuhusu uamuzi wa kuwapandisha ndugu zao katika chombo kile. Baadhi ya nyaraka zimefungwa hadi mwaka 2094. Mtoto aliyekuwa na miaka 10 siku ya ajali atakuwa na miaka 110.

Najua pingamizi. Wafiwa si majaji. Uchungu wa mwana hupofusha, na mzazi anaweza kukataa ukweli kwa sababu tu ukweli huo hauvumiliki. Ni kweli, na ningekuwa siwatendei haki wasomaji kama ningechagua tu visa ambavyo familia zilishinda. Chukua kambi ya Deepcut, huko Surrey, Uingereza. Kati ya 1995 na 2002 vijana wanne waliokuwa mafunzoni walikufa pale kwa risasi: Sean Benton, Cheryl James, Geoff Gray na James Collinson. Jeshi lilisema wamejiua. Wazazi walikataa. Uchunguzi wa kwanza wa mahakama juu ya kifo cha Cheryl James, aliyekuwa na miaka 18, ulichukua muda wa saa moja hivi. Polisi wa eneo lile walikuwa wameliachia jeshi kazi ambayo ilikuwa yao. Vielelezo havikutunzwa, mashahidi wengi hawakuhojiwa. Ilichukua hadi 2014 Mahakama Kuu kuamuru uchunguzi upya, nao ulipofanyika mwaka 2016 jaji alihitimisha kwamba Cheryl alijiua. Uchunguzi mpya juu ya Benton mwaka 2018 na Gray mwaka 2019 ulifika mahali hapohapo.

Je, wazazi walikuwa wamekosea? Juu ya mkono uliofyatua risasi, kwa mujibu wa majaji hao, jeshi lilikuwa sahihi. Lakini soma yaliyotoka mle mahakamani. Wakufunzi wachache waliachiwa mamia ya vijana. Kulikuwa na unyanyasaji uliojulikana na haukukomeshwa. Vijana wadogo, wengine wakiwa na msongo unaoonekana kwa macho, walikabidhiwa silaha na kupangwa zamu ya ulinzi. Hakuna hata moja kati ya hayo lililokuwamo katika taarifa za 1995. Neno "kujiua" lilikuwa limetumika kama mlango wa kufunga mjadala, wakati lilipaswa kuwa mwanzo wa maswali: kwa nini hapa, kwa nini wanne, nani alijua? Mapitio ya wakili Nicholas Blake mwaka 2006 yalisaidia kuzaa ofisi ya kamishna wa malalamiko ya askari, ambayo baadaye ikawa ombudsman, yaani msimamizi huru wa malalamiko. Hakuna jenerali aliyeileta ofisi hiyo kwa hiari yake. Imeletwa na wazazi walioambiwa kwa miaka kwamba hawataki kukubali.

Kuhusu kujiua lazima niongeze kitu, maana ndipo maumivu ya familia yanapozidi. Hukumu hiyo hubadilisha kila kinachofuata: namna marehemu anavyotajwa, namna jirani anavyotoa pole, mara nyingine hata heshima za mwisho. Hadi mwaka 2011 marais wa Marekani hawakuwa wakituma barua za rambirambi kwa familia za askari waliojiua katika maeneo ya vita. Barack Obama ndiye aliyeubadilisha utaratibu huo. Taasisi inapojua kwamba neno moja litaiondolea lawama na wakati huohuo litaifanya familia ione aibu kuzungumza, inapaswa kulitumia neno hilo kwa uangalifu kuliko maneno yote. Kinachotokea mara nyingi ni kinyume. Linatamkwa siku ya kwanza, kwa simu, kabla daktari hajaugusa mwili.

Na swali la familia moja haliishii kwa marehemu wao. Januari 2008 askari wa kikosi maalumu cha Marekani alikufa kwa umeme akioga katika kambi moja mjini Baghdad. Mama yake, huko Pennsylvania, aliambiwa mwanzoni kwamba kijana aliingia bafuni na kifaa cha umeme. Kwa maneno mengine, alijiletea kifo kwa ujinga wake. Mama hakukubali, na akaendelea kuuliza mpaka ikajulikana kwamba pampu ya maji ya jengo lile haikuwa imeunganishwa ardhini ipasavyo na kwamba hitilafu zilikuwa zimesharipotiwa. Alitoa ushahidi bungeni. Mkaguzi mkuu wa Wizara ya Ulinzi akaanza kupitia vifo vyote vya umeme vilivyotokea Iraq tangu 2003, akakuta 18. Majengo yakakaguliwa upya, nyaya zikarekebishwa. Siwezi kuhesabu ni askari wangapi waliooga salama baada ya hapo kwa sababu mwanamke mmoja hakuridhika na sentensi moja. Jeshi lililomwona kama kero lilikuwa limepata mkaguzi wa usalama bila kumlipa.

Siri za kijeshi ndiyo hoja ninayoiona kuwa nzito zaidi upande wa pili. Operesheni zina majina, njia, watoa habari, na adui anasoma magazeti. Lakini angalia siri hutumika kuficha nini. Manowari ya Urusi, Kursk, ilipozama tarehe 12 Agosti 2000 na mabaharia 118, jeshi la wanamaji lilitangaza kwanza kwamba tatizo limetokea tarehe 13, ingawa vituo vya kupima mitetemo vilivyo Norway vilikuwa vimenasa milipuko siku moja kabla. Maofisa wakasisitiza nadharia ya kugongwa na manowari ya kigeni. Mama mmoja aliyewapigia kelele viongozi ukumbini alichomwa sindano ya usingizi mbele ya kamera. Baadaye mwili wa luteni Dmitry Kolesnikov ulipopatikana, mfukoni kulikuwa na karatasi aliyoiandika gizani: watu 23 walikuwa hai baada ya mlipuko, wamekusanyika katika chumba cha tisa. Uchunguzi rasmi uliofungwa mwaka 2002 ulikubali kwamba chanzo kilikuwa torpido, yaani kombora la chini ya maji, iliyovuja kemikali yake. Adui alikuwa anazijua torpido hizo. Waliokuwa hawajui ni wake na akina mama.

Vivyo hivyo kwa idadi ya waliouawa. Tarehe 15 Januari 2016 wapiganaji wa al-Shabaab waliivamia kambi ya jeshi la Kenya huko El Adde, Somalia. Serikali ya Kenya haikutangaza jumla ya askari waliokufa. Rais wa Somalia wakati huo, Hassan Sheikh Mohamud, alipotaja kwenye televisheni idadi ya 180 au karibu 200, jeshi la Kenya lilikanusha bila kutoa idadi yake. Al-Shabaab walijua. Walikuwa pale, walipiga picha za video, wakazisambaza. Kwa hiyo ukimya ule haukumnyima adui chochote. Uliwanyima familia ambazo zilikuwa zikisubiri vipimo vya vinasaba ili zijue ni mwili upi wa nani, na uliwanyima raia uwezo wa kuuliza kama tahadhari zilitolewa na nani alizipuuza. Kuwapa magaidi fursa ya kuwa chanzo pekee cha habari za askari wako ni kosa la kiusalama pia, na silioni likizungumzwa vya kutosha.

Sheria katika nchi nyingi zimekuwa upande wa ukimya huo. Marekani, tangu uamuzi wa Mahakama ya Juu katika kesi ya Feres mwaka 1950, familia ya askari haiwezi kuishtaki serikali kwa kifo kilichotokana na utumishi, hata uzembe uwe wazi kiasi gani. Ni mwishoni mwa 2019 tu ndipo Bunge lilipofungua kidirisha cha madai ya uzembe wa madaktari wa kijeshi, na madai hayo yanaamuliwa na wizara yenyewe. Uingereza mambo yalisogea zaidi mwaka 2013, pale Mahakama ya Juu iliporuhusu familia za askari waliouawa Iraq, wakiwemo waliokuwa katika magari ya Snatch Land Rover yasiyo na kinga ya kutosha dhidi ya mabomu, kuifikisha Wizara ya Ulinzi mahakamani. Askari wenyewe walikuwa wameyabatiza magari hayo majeneza yanayotembea. Miaka minne baadaye waziri aliandika barua ya kuomba radhi. Fidia ina umuhimu wake, lakini faida kubwa ya kesi ni kwamba mahakama inaweza kuamuru nyaraka zitolewe. Bila kesi, familia inabaki kuomba.

Waliothubutu kugusa mzizi wenyewe ni Taiwan na Korea Kusini. Julai 2013 koplo Hung Chung-chiu wa Taiwan, aliyebakiza siku mbili tu kumaliza utumishi wake, alikufa kwa joto baada ya kufungiwa mahabusu ya kambi na kufanyishwa mazoezi makali, kosa lake likiwa kuingia na simu yenye kamera. Wapelelezi wa kijeshi walipotoa video za kamera za ulinzi, dakika kama 80 zilikuwa giza tupu. Tarehe 3 Agosti watu kwa makumi ya maelfu, waandaaji wakisema 250,000, walijaza barabara za Taipei wakiwa wamevaa nyeupe. Siku tatu baadaye bunge lilibadilisha sheria, na kesi za askari wakati wa amani zikahamia mahakama za kiraia. Siku tatu! Jambo lililosemwa kwa miongo kadhaa kuwa haliwezekani.

Korea Kusini ilikwenda polepole na kwa gharama kubwa. Aprili 2014 askari mmoja wa cheo cha chini alikufa, na maelezo ya awali yalisema amekabwa na chakula. Shirika la kutetea haki za askari lilipofichua mateso aliyofanyiwa kwa wiki kadhaa na wenzake, mashtaka yakabadilika kuwa mauaji, na kiongozi wa waliompiga akafungwa miaka 40. Mwaka 2021 sajini wa kike wa jeshi la anga alijiua baada ya kushambuliwa kingono na malalamiko yake kuzungushwa na wakubwa. Hapo ndipo bunge lilipokubali: kuanzia Julai 2022, vifo vinavyoshukiwa kutokana na uhalifu jeshini vinachunguzwa na polisi wa kiraia. Mwaka mmoja tu baadaye sheria hiyo ilijaribiwa. Askari kijana wa wanamaji, Chae Su-geun, alisombwa na maji Julai 2023 akitafuta wahanga wa mafuriko bila jaketi la kuokolea. Kanali Park Jung-hun, aliyechunguza, aliwataja wakubwa katika ripoti yake na kuikabidhi kwa polisi kama sheria ilivyotaka. Aliyeshtakiwa, kwa kukaidi amri, akawa yeye. Mahakama ya kijeshi ilimwachia huru Januari 2025. Kwangu hilo ni fundisho kwamba kuhamisha mamlaka kwenye karatasi hakutoshi kama ofisa anayeyatii mamlaka hayo anaweza kuvuliwa kazi kesho yake.

Viwango vyenyewe vipo tayari. Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu imeshasema tangu 2001 kwamba uchunguzi wa kifo kilicho mikononi mwa dola lazima ufanywe na watu wasio chini ya wanaochunguzwa, uwe wa haraka, uonekane na umma kwa kiasi cha kutosha, na familia ishirikishwe. Mwongozo wa Umoja wa Mataifa unaoitwa Itifaki ya Minnesota, uliofanyiwa marekebisho mwaka 2016, unasema familia ipewe taarifa za uchunguzi na iruhusiwe kuwa na mwakilishi wakati maiti inapopasuliwa. Ningeongeza mambo ambayo nimeona yakirudi katika kila kisa. Vitu vya marehemu, hasa simu, nguo na daftari, visiguswe na kikosi chake. Ofisa wa kuhudumia familia asitoke katika kikosi hicho, na asiwe yeye anayebeba habari kwenda juu kuhusu wanachopanga kina mama. Wenzake marehemu waambiwe kwa maandishi kwamba kuzungumza na familia si kosa. Na chanzo cha kifo kisitamkwe kabla ya kuchunguzwa. Kusema "bado tunachunguza" hakujawahi kumdhalilisha jenerali yeyote. Pale ambapo kuna siri ya kweli, jaji aliyeapishwa kutunza siri aisome faili nzima na kuieleza familia kile kinachoweza kuelezwa.

Watakuja kusema vita havimngoji mpelelezi, kwamba huwezi kuzungushia utepe wa polisi bonde linalopigwa makombora. Sawa. Lakini vifo vingi vinavyobishaniwa havitokei huko. Katika jeshi la Marekani lenyewe, lenye vita vingi kuliko majeshi mengi, kwa miaka ya karibuni ajali na kujiua vimeua askari wengi kuliko maadui. Wanakufa mabwenini, mabafuni, viwanja vya shabaha, barabarani wakiendesha malori usiku bila kulala. Kambi iliyo mwendo wa dakika chache kutoka kituo cha polisi haina sababu ya kumsubirisha mpelelezi getini.